Philip de László

Philip Alexius de László (jina la kuzaliwa: *Fülöp Laub*; Budapest, Hungaria, 30 Aprili 1869 – London, Uingereza, 22 Novemba 1937) alikuwa mchoraji mzaliwa wa Hungaria aliyehamia Uingereza na kupata umaarufu kwa picha zake za watu, hasa wafalme, viongozi wa serikali na makabaila. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia alifungwa na serikali ya nchi aliyokuwa raia wake.

Maisha ya awali

Alizaliwa katika familia ya Kiyahudi isiyo na mali. Baba yake alikuwa fundi cherehani. Alianza kazi akiwa bado mtoto, na kwa muda alijifunza katika studio ya mpiga picha huku akisomea uchoraji. Baadaye alipata nafasi katika chuo cha sanaa cha taifa mjini Budapest, kisha akaendelea na masomo Munich na Paris. Mwaka 1891 aliacha jina la Laub na kutumia jina la Kihungaria, László.

Akiwa Munich alikutana na Lucy Guinness kutoka Ireland. Walioana mwaka 1900, wakapata wavulana watano. Mwaka huohuo picha yake ya Papa Leo XIII ilipewa medali ya dhahabu katika maonyesho ya kimataifa ya Paris.

Kuhamia London

Baada ya miaka michache mjini Vienna, familia ilihamia London mwaka 1907. Wakati ulikuwa mzuri kwake: John Singer Sargent, mchoraji Mmarekani ambaye matajiri wa Uingereza walikuwa wakimkimbilia, alikuwa ameamua kuacha kupokea kazi za aina hiyo. Sehemu kubwa ya wateja hao sasa walimwendea de László. Mfalme Edward VII alimpa nishani, na mwaka 1912 Kaisari Franz Joseph wa Austria-Hungaria alimpandisha kuwa kabaila.

Alichora moja kwa moja kwa brashi na rangi za mafuta, bila kutangulia kuchora mistari kwenye kitambaa. Alikuwa akizungumza na mtu aliyekaa mbele yake, ili uso wake usipoe kwa kuchoka.

Kukamatwa

De László alipata uraia wa Uingereza mwishoni mwa Agosti 1914, wiki chache tu baada ya vita kuanza. Nchi yake ya kuzaliwa ilikuwa sasa upande wa adui, lakini jamaa zake walikuwa bado huko. Aliendelea kuwaandikia barua na kuwatumia fedha, nyingine zikipitia mikononi mwa wanadiplomasia wa Uholanzi, nchi isiyoshiriki vita. Mnamo Julai 1917 mfungwa wa vita Mhungaria aliyetoroka alifika nyumbani kwake kuomba msaada. De László alimpa pauni moja, na kesho yake akatoa taarifa kwa polisi.

Tarehe 21 Septemba 1917 alikamatwa kwa tuhuma za kuwasiliana na adui. Alipelekwa gereza la Brixton, halafu kambi ya wafungwa wa kigeni. Afya yake iliharibika, na mwaka 1918 alitolewa ili akatibiwe, ingawa bado hakuwa huru kabisa. Mnamo Juni 1919 kamati ya serikali ilisikiliza shauri lake ili kuamua kama anyang'anywe uraia. Iliamua abaki nao, na jina lake likasafishwa.

Kazi za baadaye

Wateja walirudi. Theodore Roosevelt alikuwa amemchora tangu mwaka 1908. Sasa alisafiri tena Marekani akawachora marais Warren Harding, Calvin Coolidge na Herbert Hoover. Mwaka 1930 alichaguliwa kuwa rais wa chama cha kifalme cha wachoraji wa Uingereza. Mwaka 1933 alimchora binti mfalme Elizabeth akiwa na umri wa miaka 7, ambaye baadaye alikuwa Malkia Elizabeth II.

Alifariki mjini London. Kazi zake, pamoja na michoro midogo, ni maelfu. Nyingi bado zimo katika nyumba za familia zilizoziagiza, na nyingine zinaonekana katika makumbusho kama National Portrait Gallery ya London.