Mário Cesariny Mbele ya Kamera

Mário Cesariny, mshairi na mchoraji, alizaliwa Lisbon mwaka 1923. Mwaka 1947 alikuwa miongoni mwa waasisi wa kundi la wasanii wa usurealisti mjini humo. Ureno ilikuwa chini ya udikteta wa Salazar, na kwa miaka kadhaa polisi walimfuatilia kwa tuhuma za uzururaji. Kosa lake hasa lilikuwa kuwapenda wanaume wenzake.

Udikteta ulianguka mwaka 1974. Miaka 30 baadaye, mwongozaji Miguel Gonçalves Mendes alitoa filamu ya hali halisi iitwayo *Autografia*, jina lililotokana na shairi la Cesariny mwenyewe. Humo mzee haigizi mtu. Yu nyumbani kwake, akisimulia mapenzi, ushairi na uzee. Miaka miwili baadaye alifariki.

Kila niitazamapo filamu hiyo huyakumbuka majalada ya polisi. Waliomchunguza zamani waliandika habari zake bila kumtaka idhini. Safari hii mshairi alitazamwa kwa ridhaa yake, na habari zake akazisema kwa kinywa chake. Diwani zake zimetuachia maneno. Filamu imetuachia na sauti iliyoyatamka.