Kalasinga, Baniani na Jina Lisilokuwapo: Dini za Wapunjabi katika Msamiati wa Kiswahili

Msemaji wa Kiswahili, awe wa Mombasa, wa Kariakoo au wa Marui katika eneo la Kibaha na Kisarawe, hurithi majina kadhaa ya kuwatajia watu wenye asili ya Bara Hindi. Mhindi ni jina la asili ya mtu. Mhindu ni jina la dini yake. Irabu moja tu ndiyo inayoyatenganisha, na tofauti hiyo husahauliwa mara nyingi, ingawa Khoja, Bohora na Mgoa wote huitwa Wahindi na hakuna hata mmoja wao aliye Mhindu. Yapo pia majina mahususi zaidi: Baniani, Kalasinga na Kadiani. Mhadhara huu unayachunguza majina hayo kwa kuihusisha historia ya Wapunjabi. Hoja yake ni kwamba Kiswahili kiliwapa baadhi ya Wapunjabi majina yanayotaja imani yao, lakini Mhindu wa Punjab hakupewa jina lake mwenyewe, na pengo hilo ni ushahidi wa kihistoria kama yalivyo majina yenyewe.

Punjab ya karne ya 19 ilikuwa nchi ya lugha moja ya mazungumzo na hati tatu. Masingasinga waliandika Kipunjabi kwa hati ya Gurmukhi. Waislamu walielekea Kiurdu kwa hati yenye asili ya Kiarabu. Na Wahindu wengi, hasa wanamageuzi, walishikilia Kihindi kwa hati ya Devanagari. Hata hivyo, mipaka ya dini haikuwa migumu kama hati hizo zinavyodokeza. Ziliwahi kuwapo familia za Kihindu zilizomlea mmoja wa watoto wao wa kiume katika Usingasinga, na Wahindu wengi waliwaheshimu Maguru. Mipaka ilikazwa na harakati za mageuzi: Singh Sabha ilianzishwa Amritsar mwaka 1873, Arya Samaj, iliyoanzishwa na Dayananda Saraswati huko Bombay mwaka 1875, iliingia Lahore mwaka 1877 na kupata nguvu kubwa Punjab, na Mirza Ghulam Ahmad wa Qadian alianzisha Ahmadiyya mwaka 1889. Mwaka 1898 Kahn Singh Nabha alichapisha kitabu cha kutetea kwamba Masingasinga si Wahindu.

Ni katika kipindi hichohicho cha mabishano ndipo Wapunjabi walipovuka bahari kwa wingi. Kati ya mwaka 1896 na 1901 vibarua wapatao 32,000, wengi wao kutoka Punjab, waliletwa kujenga reli ya Uganda. Takriban 2,500 walifariki, na wapatao 6,700 walibaki Afrika Mashariki. Waliobaki hawakuuacha ubishi wa kwao nyuma. Arya Samaj ilianzishwa Nairobi mwaka 1903. Na huko Makindu, kando ya reli hiyo, Masingasinga walijenga hekalu lao mwaka 1926, ambalo hadi leo humpa kila msafiri chakula bila malipo na bila kumuuliza dini yake. Kwa upande wa Tanganyika, Reli ya Kati ilianza kujengwa Dar es Salaam mwaka 1905, ikapita katika nchi ya Wazaramo, penye vituo vya Soga na Ruvu, na kufika Kigoma mwaka 1914. Reli hiyo ilijengwa na Wajerumani kwa nguvu za Waafrika hasa. Mafundi wa Kipunjabi waliongezeka baadaye, chini ya utawala wa Waingereza.

Majina yenyewe yanaonyesha jinsi kila kundi lilivyofahamika. Kalasinga huenda limetokana na Khalsa, jumuiya iliyoundwa na Guru Gobind Singh mwaka 1699, na jina Singh. Kwa maelezo hayo, konsonanti zilizofuatana zilitenganishwa kwa irabu, silabi zilizokaribiana kwa sauti zikapunguzwa, na mwisho ukapewa irabu kama Kiswahili kinavyodai. Singasinga ni uradidi wa Singh. Baniani ni neno la zamani zaidi. Linatokana na jina la Kigujarati la tabaka la wafanyabiashara, na limezoeleka pwani hata likaingia katika methali: Baniani mbaya kiatu chake dawa. Kadiani, jina ambalo Waahmadiyya wenyewe hawalipendi, ni Qadian iliyofanywa Kiswahili.

Je, Mhindu wa Punjab alitajwaje? Hakuvaa kilemba cha Khalsa, na wengi wa wenzake walikuwa mafundi na makarani, si wenye maduka. Akiwa mfuasi wa Arya Samaj, hakuabudu sanamu. Ibada yake ilikuwa moto na usomaji wa Veda. Kwa hiyo hakuwa na alama ambayo macho ya mtaani yangeishika. Aliitwa Mhindi tu, au alitiwa katika Ubaniani usiomfaa kwa lugha, kazi wala ibada. Jina Mpunjabi lipo, lakini linataja alikotoka, si anachokiamini.

Mavazi peke yake, hata hivyo, hayatoshi kueleza jambo hili, kwani Mwahmadiyya hatambulikani kwa nguo. Jina lake lilienea kwa sababu mjadala wake ulifanyika kwa Kiswahili. Sheikh Mubarak Ahmad, aliyefika Afrika Mashariki mwaka 1934, alitoa tafsiri ya Kurani kwa Kiswahili mwaka 1953; Sheikh Abdallah Saleh Farsy akatoa yake kamili mwaka 1969. Arya Samaj iliendesha ibada zake zaidi kwa Kihindi, miongoni mwa wenyewe. Wala si kwamba Wahindu wa Punjab walikiepuka Kiswahili: Girdhari Lal Vidyarthi, mzaliwa wa Nairobi, alichapisha gazeti la Kiswahili la Jicho katika miaka ya 1950. Lakini gazeti hilo lilizungumzia siasa, si Veda.

Baada ya majumba kutaifishwa nchini Tanzania mwaka 1971, Wahindi wengi waliondoka, na mahali pengi majina yakabaki bila wenyewe wa kuyasahihisha. Mtunzi wa kamusi anayeandika kwamba Baniani ni Mhindu, bila kuongeza neno, humfuta Mpunjabi huyo kwa mara ya pili. Fasili sahihi itaje Gujarati, itaje biashara, na iweke wazi kwamba Uhindu ni mpana kuliko jina hilo.