Mo Amin: kamera yake ilifika, swali likabaki

Boom halijatoka na mitihani inanukia, lakini leo naweka madesa pembeni kidogo. Sisi tunaosomea ualimu wa historia tunafundishwa kuhoji maandishi: nani kaandika, lini, kwa ajili ya nani. Sasa picha je? Mbona ile tunaiamini bila kuuliza? Hapo ndipo anapoingia Mohamed Amin, au Mo kama alivyozoeleka.

Huyu bwana alizaliwa Nairobi mwaka 1943 akakulia hapa hapa Dar es Salaam, baba yake akifanya kazi reli. Kamera aliishika tangu shuleni, na mwaka 1963 akaanzisha Camerapix hapa mjini. Jamani, umri wetu huu! Mapinduzi ya Zanzibar ya 1964 akayapiga picha. Mwaka 1966 akakamatwa huko huko visiwani, akakaa ndani karibu mwezi mzima, kisha akafukuzwa nchini. Akaanza upya Nairobi. Tom Mboya alipopigwa risasi Julai 1969, Mo aliwahi kufika, na picha za siku ile zikazunguka dunia.

Ukifuatilia kazi zake unaona mtindo wake. Kwanza, kuwahi. Pili, kujuana na watu: vibali vya kuingia sehemu ngumu havipatikani kwa mgeni aliyeshuka na ndege jana. Tatu, kamera inatulia usoni kwa mtu, haina papara.

Oktoba 1984 yote matatu yakakutana Korem, kaskazini mwa Ethiopia. Mo alipiga picha, Michael Buerk wa BBC akatoa maelezo. Alfajiri, ukungu, maelfu ya watu wamejikunyata kwa baridi na njaa. Taarifa ilirushwa tarehe 23, baadaye ikaonyeshwa na vituo zaidi ya 400 duniani. Bob Geldof aliiona, akawakusanya wanamuziki, na Julai 13, 1985 likafanyika tamasha la Live Aid, London na Philadelphia. Chakula kikaenda, watu wakapona. Hilo hakuna wa kulibeza.

Ila sasa zima sauti, tazama picha peke yake. Unaona ukame, unaona Mungu kanyima mvua. Huoni vita vya Tigray na Eritrea, wala serikali ya kijeshi ya Mengistu Haile Mariam, ambayo sera zake zilichangia sana kuikuza ile njaa. Mwenye njaa kaingia kwenye picha, waliomfikisha pale wamebaki nje. Na kwa wengi huko Ulaya na Marekani, sura ile ya Korem ikawa ndiyo sura ya Afrika nzima, ingawa Mo huyo huyo alitoa vitabu kuhusu Hija, Wamasai na reli ya Uganda.

Simlaumu Mo. Mwaka 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa, akapoteza mkono wa kushoto, na msaidizi wake wa sauti akafariki. Akawekewa mkono wa bandia, akarudi kazini! Novemba 23, 1996 akafa katika ndege ya Ethiopia iliyotekwa, ikaishiwa mafuta na kuanguka baharini karibu na Ngazija. Walikufa watu 125 kati ya 175. Mwanawe Salim akashiriki kutengeneza dokumentari ya maisha yake, Mo & Me, mwaka 2006.

Kazi ya mpiga picha ni kufika, na Mo alifika. Kazi ya kuuliza nini kimebaki nje ya picha ni yetu sisi wenye chaki. Mtoto wa kidato cha pili akiiona njaa ya Korem akadhani ni mvua tu, aliyeshindwa ni mwalimu.

Haya wadau, narudi kwenye madesa. Alamsiki!