Mto Semliki na maji ya Ruwenzori

Tulipokuwa wanafunzi tulizoea kusema kwamba maji yote ya Kongo hushuka mpaka Banana, na huko huingia katika bahari ya Atlantiki. Kwa sehemu kubwa ya nchi yetu neno hilo ni kweli. Lakini mvua inayoanguka katika bonde la Semliki, karibu na Beni, huenda Misri. Tumeona vema kuufuata mto huo, maana wengi huuvuka bila kuujua.

Semliki hutoka katika ziwa Edward, mahali paitwapo Ishango, kwenye urefu wa metri 912. Hushuka kwenda kaskazini na kuingia katika ziwa Albert, ambalo halifiki hata metri 650. Kwanza hupita katika mbuga ya viboko, kisha huingia msituni, na humo maji hukimbia kwa nguvu juu ya mawe. Ndiyo sababu, wasema wataalamu, zamani mamba walijaa chini ya maporomoko hayo, lakini katika ziwa Edward hawakuwamo. Kiisha mto hutoka msituni, hulegea, na kujipinda kama nyoka katika uwanda.

Upande wa kuume husimama Ruwenzori, ambao kilele chake Margherita kina metri 5.109. Huko hutoka Butahu na Lume, mito ya baridi kali. Tena tazameni ajabu hii: maji ya mgongo wa pili wa mlima, yaani ya Mubuku na Nyamwamba katika Uganda, hukimbilia ziwa George, hupita katika mfereji wa Kazinga, huingia ziwa Edward, nayo hutoka Ishango! Basi mlima mzima humwaga maji yake katika mto mmoja tu.

Ptolemaios wa Alexandria, katika karne ya 2, aliandika kwamba Nili hupata maji ya theluji ya Milima ya Mwezi. Wazungu walichelewa kuuona mlima wenyewe. Baker alifika ziwa Albert mwaka 1864, asione theluji. Stanley alipita karibu mwaka 1876, mawingu yakamficha. Siku ya 24 Mei 1888 aliiona, na mwaka 1889, pamoja na Emin Pasha, alipanda bonde la Semliki hata ziwa Edward. Hapo ilijulikana kwamba ziwa hilo nalo ni la Nili. Vitabu husema alivumbua. Sisi twacheka kidogo, maana Wanande na Wakonjo walikuwa wakilima chini ya theluji hiyo. Na mbele yao, yapata miaka 20.000, watu wa Ishango walivua samaki kwa vyusa vya mfupa. Mfupa wao wenye alama zilizochanjwa kwa mafungu, alioufukua de Heinzelin mwaka 1950, umewekwa Bruxelles, mbali sana na wajukuu wa nchi ile.

Mwaka 1910 Wabeleji na Waingereza walipatana juu ya mpaka: tangu mahali mto Lamia unapoingia Semliki, mpaka ufuate mto hata ziwa Albert. Juu ya karatasi ni kazi nyepesi. Lakini katika uwanda mto hula ukingo mmoja na kutapika udongo kwenye ukingo wa pili. Mtu alipanda muhogo upande wa Kongo; mto ukihama, shamba lake li ng'ambo, na askari wa ng'ambo humwuliza karatasi.

Wengine huogopa kwamba barafu ya Ruwenzori, iliyopungua sana tangu mwaka 1906, ikiisha, Semliki itakauka. Hapana. Mto huu hulishwa hasa na mvua, barafu huongeza kidogo tu. Hofu yetu iko mahali pengine: msitu wa mitelemko unakatwa, nayo mvua, isipozuiwa na mizizi, hushuka kwa ghafula pamoja na udongo. Na mto uliojaa udongo huhama upesi zaidi.