Mzee Bila Kilima: Safari ya Ushingantahe

 Wewe ambaye betri za redio zimekwisha na unaisoma nakala hii kwenye ubao wa matangazo, au umeipata kwa jirani, karibu. Ukimaliza kuisoma mpe mwingine, na ikiwa kuna mzee nyumbani asiyejua kusoma, msomee kwa sauti.

Wiki hii tunazungumza historia. Wengi wenu mnauliza jambo moja kwa maneno tofauti: mila za nyumbani zina kazi gani huku tuliko? Mila ni neno kubwa, kwa hiyo nimechagua moja tu tuifuate tangu ilikotoka mpaka ilipofika. Ni ushingantahe wa Warundi. Kama wewe ni Mkongomani au Mnyarwanda usizime redio, kwako pia tutafika.

Tuanze na neno lenyewe. Kwa Kirundi, gushinga ni kusimika kitu ardhini. Intahe ni fimbo ndogo ya haki, ambayo wazee waliigonga chini walipokuwa wakiamua shauri. Umushingantahe basi ni mtu anayesimika fimbo ya haki. Wakiwa wengi huitwa abashingantahe.

Kumbuka jinsi Burundi inavyokaliwa. Watu wengi hawaishi katika vijiji vya nyumba zilizosongamana. Kila mji wa familia unakaa peke yake katikati ya migomba yake, na kinachowaunganisha ni kilima. Kwenye kilima ndipo watu walipogombania mpaka wa shamba, ng'ombe aliyeingia kwenye mtama wa jirani, mahari isiyokamilika na urithi wa marehemu. Abashingantahe waliketi, wakasikiliza upande huu na upande ule, wakaita mashahidi, wakajitenga kushauriana, kisha wakarudi na neno moja. Lengo lilikuwa kwamba kesho yake wale wawili waweze tena kuombana moto.

Mtu aliupataje ushingantahe? Haukuwa urithi wa baba, wala chifu hakuugawa. Kilima kilimtazama mtu kwa miaka. Je, anasema kweli hata inapomuumiza? Akinywa, anaweza kuzuia ulimi? Siri ya jirani inakaa kwake? Akionekana anafaa, wazee walimwita kwenye mashauri aketi, asikilize na kujifunza. Mwisho ilikuja siku ya kwatirwa, yaani kusimikwa. Watu walikusanyika, pombe ya ndizi na ya mtama ikanywewa kwa pamoja, naye akaapa mbele ya wote. Mke wake alikuwapo na alishiriki, kwa kuwa nyumba isiyo na heshima haiwezi kutoa mwamuzi.

Mhutu aliweza kusimikwa, Mtutsi vilevile. Hilo ni jambo kubwa, ukifikiria yaliyokuja baadaye. Lakini tusiipambe zamani kupita kiasi. Watwa kwa kawaida waliachwa nje. Mwanamke hakusimikwa kwa jina lake mwenyewe. Na maskini asiye na pombe ya kukaribisha kilima alikuwa na njia ndefu zaidi, hata kama moyo wake ulikuwa safi.

Sasa tuone serikali zilipoingia. Mwaka 1903, mwami Mwezi Gisabo alilazimika kukubali mkataba wa Kiganda na kuitambua mamlaka ya Wajerumani. Mwaka 1916 wakaja Wabelgiji. Wakoloni walihitaji machifu wa kukusanya kodi na kusimamia kazi za shuruti, na walitaka mahakama zenye karani na daftari. Wazee wa kilima hawakufutwa, ila juu yao palikuwa sasa na mkubwa mwingine ambaye nguvu yake haikutoka kilimani.

Uhuru ulikuja tarehe 1 Julai 1962. Mwaka 1966 ufalme ukaondolewa, na chini ya jamhuri ya chama kimoja mambo yakageuka tena. Watu wa utawala na wa chama walianza kuitwa abashingantahe kwa sababu ya vyeo vyao. Hapa ndipo ningependa utulie kidogo. Mila haikupigwa marufuku. Iliheshimiwa kwa maneno, na jina lake likapewa watu ambao kilima hakikuwapima. Jina lilibaki, lakini kipimo kilianza kuondoka.

Kisha ikaja 1972, watu wengi wakauawa na wengine kukimbilia Tanzania. Ikaja 1993, rais Melchior Ndadaye akauawa tarehe 21 Oktoba, na vita vikaanza. Vilima viligawanyika. Hata hivyo, katika siku zile zile kulikuwa na wazee waliosimama njiani kuzuia jirani asimuue jirani. Waliokula kiapo na kukitunza walionekana wakati ambapo kutunza kiapo kungeweza kumgharimu mtu uhai.

Ndiyo maana wanasiasa walipotafuta amani waliurudia ushingantahe. Mwaka 1997 serikali iliunda baraza la taifa la abashingantahe. Mkataba wa amani uliotiwa saini Arusha tarehe 28 Agosti 2000 ulitaka ushingantahe urejeshwe katika hadhi yake. Mwaka 2005 wananchi wakachagua madiwani wa vilima, na sheria ya tarafa ya wakati huo iliwataja abashingantahe pamoja nao. Sheria ya 2010 haikuwataja tena. Waliounga mkono mabadiliko hayo walisema kuchaguliwa kwa kura ni haki zaidi, na kwamba wazee wengine walikuwa wamezoea kudai pombe kabla ya kusikiliza shauri. Waliopinga walisema kura ya chama haiwezi kupima moyo wa mtu. Mwaka 2021 ikaja sheria nyingine iliyorudisha mabaraza ya wazee wa kilima, safari hii wazee hao wakichaguliwa na wakazi. Kwa hiyo ukisikia mtu anasema mila haibadiliki, mwambie akae ahesabu miaka hiyo pamoja nawe.

(Muziki mfupi)

Msikilizaji, tuvuke mpaka. Waliokimbia mwaka 1972 walipewa makazi Ulyankulu, Katumba na, baadaye kidogo, Mishamo. Walifyeka pori, wakalima, wakazaa. Katikati ya miaka ya 1980 mtafiti mmoja, Liisa Malkki, aliishi na kuwasikiliza Warundi wa Mishamo na wale waliokuwa mjini Kigoma. Aliona tofauti kubwa. Mishamo, watu walikaa pamoja mbali na wengine, na kila siku walisimuliana historia yao: walitoka wapi, walitendewa nini, watarudi vipi. Kigoma mjini, watu wa asili ile ile walichanganyika na Waha, ambao lugha yao iko karibu sana na Kirundi. Waliolewa, walifanya biashara, na wengine hawakutaka kuitwa wakimbizi.

Somo lake ni nini? Kwamba umbali pekee hauui mila. Watu wale wote walikuwa mbali na nyumbani. Kilichowatofautisha ni namna walivyokaa na majirani, na kama kukumbuka kuliwasaidia kuishi au kuliwazuia. Mwaka 2014 Tanzania ilikamilisha kuwapa uraia Warundi zaidi ya 160,000 kutoka makazi hayo. Mjukuu wa mtu aliyesimikwa kilimani Bururi leo anapiga kura Katavi. Anaweza kutunza Kirundi au kukiacha, hakuna anayemlazimisha.

Mwishoni mwa miaka ya 1990 mtafiti mwingine, Simon Turner, alifanya kazi katika kambi ya Lukole, Ngara. Alisikia malalamiko ambayo wewe pia umeyasikia: vijana hawaheshimu wazee, wanawake hawasikii waume. Sababu waliyoitoa wenyewe ilikuwa ya wazi. Zamani baba ndiye aliyelisha nyumba, na mzee ndiye aliyejua mambo. Kambini chakula kinatoka kwa shirika, na anayejua mambo ni kijana mwenye Kifaransa au Kiingereza aliyepata kazi kwenye shirika. Heshima ilihama kwa sababu kazi iliyoibeba ilihama. Mzee bila shamba, bila mpaka wa kuukumbuka na bila pombe ya kukaribisha watu, amebaki na nini mkononi?

Kabla ya kujibu, tuwatazame majirani. Wanyarwanda walikuwa na gacaca, kikao cha nyasini ambapo waliotazamwa kuwa waadilifu, inyangamugayo, waliamua magomvi ya kawaida. Baada ya mauaji ya kimbari ya 1994 magereza yalijaa kuliko mahakama zilivyoweza kuhukumu. Serikali ikatunga sheria mwaka 2001, na mpaka mwaka 2012 gacaca mpya zilikuwa zimeamua takriban kesi milioni 1.9. Waamuzi walichaguliwa, na wanawake walikuwa miongoni mwao. Lakini gacaca ya zamani haikupeleka mtu jela, na hii ilipeleka. Wengi wanasema ilisaidia kweli kujulikana na miili kuzikwa. Wengine wanasema serikali iliibeba kupita kiasi na watu wakaogopa kusema. Jina ni lile lile, uzito uliowekwa juu yake ni mwingine.

Na wewe Mkongomani unalo baraza. Pwani ya Afrika Mashariki, baraza ni kile kiti cha udongo au mawe mbele ya nyumba, ambapo watu hukaa jioni kuzungumza. Neno lilisafiri na misafara mpaka Kongo, na huko wengi huita barza ile veranda ya nyumba. Mjini Goma, mwaka 1998, viongozi wa makabila ya Kivu ya Kaskazini waliunda barza ya kupatanisha jamii, na kwa miaka kadhaa ilizuia magomvi mengi, mpaka siasa ilipoigawa. Babembe nao wana lubunga, mahali pa wazee kukutana. Fimbo, nyasi na kiti vyote vinashika jambo moja: mtu asihukumiwe kabla ya kusikilizwa.

Sasa turudi kwenye swali la mzee. Nadhani amebaki na mambo mawili ambayo shirika halina. La kwanza ni kumbukumbu. Wengi waliorejea Burundi kutoka makazi ya 1972 walikuta mashamba yao, hasa upande wa Rumonge na Nyanza-Lac, yanalimwa na wengine. Aliyeweza kusema mpaka ulipita kwenye mti gani alikuwa ni mzee wa mahali. Ikiwa familia yako ina mtu kama huyo, muulize wiki hii. Mwandike jina la kilima, majirani wa pande zote nne, na nani aliuza nini kwa nani. Daftari la shule linatosha.

La pili ni ile kazi ya kupatanisha. Ugomvi wa bomba la maji, deni dogo, matusi kati ya nyumba na nyumba, haya yanaweza kuishia kwa wazee, na mara nyingi huisha vizuri. Ila nisikufiche, kuna mpaka. Ubakaji, kipigo cha kumjeruhi mke au mtoto, na mauaji ni mambo ya polisi na mahakama. Hayamalizwi kwa mbuzi wala kwa pesa ya kumtuliza baba wa msichana. Mzee anayelimaliza jambo kama hilo chini ya mti hatunzi mila, kwa sababu aliyeumizwa hakusikilizwa. Aliyesikilizwa ni baba yake.

Ukinilazimisha kuchagua, nitachagua kutunza kile kipimo cha kale: mtu atazamwe kwa muda mrefu kabla ya kupewa neno la mwisho. Na nitaacha kile kizuizi kilichowaacha nje mwanamke, Mtwa na maskini. Mimi niko chini ya miaka thelathini, na ninajua wapo wazee wasiokubaliana nami. Karibuni kipindini mseme.

Maswali ya kujadili katika kundi lenu la wasikilizaji:

1. Katika mtaa wenu, nani watu humwendea wakikosana, na kwa nini yeye?
2. Je, yuko mwanamke ambaye tayari anafanya kazi ya umushingantahe bila kuitwa hivyo?
3. Ni mashauri gani ambayo hayapaswi kabisa kukaa kwa wazee?

Andikeni majibu yenu, mtumbukize kwenye sanduku la maoni. Tutayasoma katika kipindi kijacho. Mpaka wakati huo, mkae kwa amani.