Juri au Wazee wa Baraza? Kesi ya Delves Broughton, Nairobi 1941

Kila mwaka wanafunzi wangu wa Tafsiri huuliza tofauti iliyopo kati ya juri na wazee wa baraza. Siku hizi siwapi fasili kwanza. Huwasimulia kesi ya mauaji ya Lord Erroll.

Alfajiri ya tarehe 24 Januari 1941, Waafrika wawili wa lori la maziwa walikuta gari limeacha barabara karibu na Karen, nje ya Nairobi, taa zikiwaka. Ndani mlikuwa na maiti ya Erroll, aliyepigwa risasi kichwani. Muda mfupi kabla ya hapo alikuwa amemrudisha nyumbani mpenzi wake Diana, mke wa Sir Jock Delves Broughton.

Ndoa hiyo, iliyofungwa Durban, haikuwa imetimiza miezi mitatu. Mume alikuwa na miaka 57, mke 27. Mahakamani ikajulikana kwamba walikuwa na mapatano: Diana akimpenda mtu wa rika lake, Broughton angempa talaka na pauni 5,000 kwa mwaka. Upande wa mashtaka ulisema ni wivu. Utetezi ukajibu, mtu aliyeahidi hayo aue kwa nini? Tena usiku uleule, katika klabu ya Muthaiga, mzee huyo aliinua glasi kuwatakia wapenzi hao heri. Kwangu mimi, hicho ndicho kitendo kigumu kuliko vyote kukitafsiri.

Kilichomwokoa lakini si ndoa. Wakili wake, Harry Morris kutoka Afrika Kusini, alishikilia alama za risasi: hazikulingana na bastola za Colt za Broughton, ambazo mwenyewe alisema ziliibwa siku chache kabla. Tarehe 1 Julai juri ikamwachia huru.

Juri hiyo ilikuwa ya Wazungu watupu, kwa kuwa sheria ya koloni ilimpa Mzungu haki ya kuamuliwa na Wazungu wenzake. Lau wangeshtakiwa wale wawili wa lori, wangesimama mbele ya jaji na wazee wa baraza, ambao maoni yao hayakumfunga jaji. Kwa hiyo mwanafunzi anayeandika kwamba "wazee wa baraza" walimwachia Broughton amekosea zaidi ya msamiati.

Broughton alifariki Liverpool Desemba 1942, baada ya kuzidisha dawa. Hakuna mwingine aliyepata kushtakiwa.