Nyumba ya Opera ya Dresden Iliyoungua Mara Mbili

Katika nchi ya Ujerumani, ambayo wazee wetu waliizoea kwa jina la Udachi, uko mji uitwao Dresden, kando ya mto Elbe. Ndani ya mji huo imo nyumba kubwa ya mawe ambayo kazi yake ni michezo ya opera. Opera ni hadithi iigizwayo jukwaani, lakini maneno yake huimbwa badala ya kusemwa. Na mbele ya jukwaa, mahali pa chini, huketi wapigaji wa fidla, tarumbeta na ngoma, wakiongozwa na mtu mmoja mwenye kijiti mkononi. Leo twapenda kueleza habari za nyumba hiyo, kwa kuwa imeungua mara mbili na kujengwa mara tatu. Katika habari zake tutaona ni kipi hasa kidumucho katika kazi za wanadamu, kuta au watu walio ndani yake.

Yafaa tuanze na watu, maana watu waliitangulia nyumba. Mwaka 1548 Moritz, mtawala wa Saxony, alianzisha kundi la waimbaji wa kumtumikia katika jumba lake, na baadaye wapigaji wa vyombo wakazidi kuongezwa. Kundi hilo limedumu mpaka leo. Mwaka 1627 kiongozi wake, Heinrich Schütz, alitunga muziki wa mchezo uitwao Dafne, uliochezwa katika mji wa Torgau. Watu wengi huuhesabu kuwa ndio opera ya kwanza kwa lugha ya Kidachi. Lakini karatasi za muziki huo zilipotea, wala hakuna awezaye kuuimba tena. Wazee walisema kweli: mali bila daftari hupotea bila habari. Na tulishike neno hilo, maana tutalihitaji mbele.

Siku zile michezo ya opera katika majumba ya watawala wa Udachi iliimbwa zaidi kwa Kitaliani, na wenyeji wengi waliketi kusikiliza lugha wasiyoijua. Basi mwaka 1817 Carl Maria von Weber aliitwa Dresden kuisimamia opera ya Kidachi. Alifanya kazi hiyo kwa bidii hata alipofariki mwaka 1826. Mchezo wake mashuhuri, Der Freischütz, ni habari ya mwindaji aliyeshawishika kutumia risasi za uchawi. Ulichezwa kwanza mjini Berlin mwaka 1821, lakini watu wa Dresden waliupenda kama mtoto wao.

Nyumba yenyewe tunayoisimulia ilichorwa na Gottfried Semper, bingwa wa majengo, ikafunguliwa mwaka 1841. Juu ya jukwaa iliwekwa saa ya ajabu isiyo na mishale: huonyesha saa na dakika kwa tarakimu, nayo hubadilika kila baada ya dakika tano, ili hata mtu wa kiti cha nyuma aisome. Katika nyumba hiyo Richard Wagner alionyesha kwa mara ya kwanza michezo yake mitatu, katika miaka ya 1842, 1843 na 1845.

Mwaka 1849 yakatokea maasi juu ya mfalme wa Saxony. Wagner na Semper walikuwa upande wa waasi; Semper, kwa kuwa alikuwa fundi, aliwaonyesha watu namna ya kujenga maboma ya kuziba njia. Maasi yakashindwa, nao wote wawili wakakimbia nchi. Hivyo nyumba ilibaki, aliyeichora akawa mkimbizi.

Miaka ishirini baadaye, mwezi wa Septemba 1869, mafundi waliokuwa wakifanya matengenezo walizembea, moto ukashika, na nyumba nzima ikateketea. Lakini kundi halikutawanyika. Kabla ya mwaka kwisha lilikuwa limekwisha kujengewa jumba la mbao, likaendelea kuimba humo. Ndipo raia wa mji walipoomba kwamba nyumba mpya ichorwe na Semper yule yule. Ombi lao likakubaliwa. Semper alichora, na mwanawe Manfred akasimamia ujenzi. Nyumba ya pili ilifunguliwa mwaka 1878, mwaka mmoja kabla Semper hajafariki. Nguzo nyingi za ndani zaonekana kama marumaru, lakini ni plasta iliyosuguliwa na mafundi hodari mpaka ikang'aa.

Toka mwaka 1872 hata 1914 Ernst von Schuch alikuwa akiongoza muziki huko. Yeye na kundi lake waliwatangulia watu wote kuicheza michezo ya Richard Strauss: Salome mwaka 1905, Elektra mwaka 1909, na Der Rosenkavalier mwaka 1911. Kwa jumla michezo tisa ya Strauss ilianzia Dresden.

Sasa twafika mahali pa kusikitisha. Mtu aweza kudhani ya kuwa madhara makubwa ya nyumba hii yaliletwa na moto tu. Sivyo. Mwezi wa Machi 1933, kiongozi wa muziki Fritz Busch alipotaka kuanza kazi yake, watu wa chama cha Hitler walimpigia kelele hata akashindwa kuongoza. Akafukuzwa, akaenda kufanya kazi katika nchi nyingine, Uingereza ikiwa mojawapo. Mwaka 1935 Strauss alileta mchezo mpya, Die schweigsame Frau, ambao maneno yake yaliandikwa na Stefan Zweig, Myahudi. Jina la Zweig likaondolewa katika tangazo. Strauss akashikilia lirudishwe, nalo likarudishwa; lakini baada ya kuonyeshwa mara chache tu mchezo wenyewe ukapigwa marufuku. Kuta zilikuwa nzima siku hizo, na taa ziliwaka, lakini nyumba ilikuwa imekwisha kubomoka kwa ndani.

Tarehe 31 Agosti 1944, wakati wa vita, Der Freischütz ulichezwa, kisha milango ikafungwa kwa amri ya serikali. Usiku wa tarehe 13 Februari 1945 ndege za Waingereza ziliupiga mji kwa mabomu, na kesho yake zikaja za Wamarekani. Watu wapatao 25,000 wakafa. Nyumba ya Semper ikaungua mara ya pili, zikabaki kuta.

Kundi likaendelea tena, safari hii katika majumba ya kuazima, na toka mwaka 1948 katika jumba jingine la michezo lililotengenezwa upya. Magofu ya nyumba yao yakasimama zaidi ya miaka thelathini. Mwaka 1977 serikali ya Ujerumani ya Mashariki iliweka jiwe la msingi. Lakini nani ajuaye kujenga kitu kisichokuwako? Hapo ndipo lilipoonekana lile neno la daftari. Michoro ya Semper ilikuwa imehifadhiwa, na picha pia; vipande vikaokotwa katika kifusi, vikapimwa. Mafundi wakajifunza tena kazi ya plasta ya mababu zao. Hata ile saa ikatengenezwa upya. Tarehe 13 Februari 1985, miaka arobaini kamili baada ya mabomu, pazia likafunguliwa, na mchezo ulioimbwa ulikuwa Der Freischütz, ule ule wa mwisho.

Mwezi wa Agosti 2002 mto Elbe ulifurika, maji yakaingia ndani na kuharibu mitambo. Lakini kabla ya mwaka kwisha watu walikuwa wakiimba tena.

Basi, ndugu wasomaji, tukijiuliza ni kipi kilichodumu, twaona kwamba mawe hayakuweza kujiokoa. Waliodumu ni watu waliofundishana kazi, mzee kwa kijana, na karatasi walizozitunza. Kinga na kinga ndipo moto uwakapo. Tena twaona ya kuwa nyumba iliyoteketea yaweza kujengwa kwa michoro, lakini mtu aliyefukuzwa kwa chuki hana mchoro wa kumrudisha. Hilo nalo linafaa kuandikwa katika daftari.